Lee Perry na jina la wazimu lililofunika ufundi wake

Katika chumba kidogo uani kwake, eneo la Washington Gardens jijini Kingston, Lee Perry, mtayarishaji wa muziki wa reggae wa Jamaika, alikuwa na mashine ya kurekodi ya TEAC yenye traki nne tu, yaani njia nne za kuhifadhi sauti kila moja peke yake. Studio hiyo, aliyoiita Black Ark, ilianza kazi mwaka 1973, na kwa muda usiofika miaka kumi ilitoa santuri ambazo mafundi mitambo wa nchi nyingi wanazichunguza hadi leo. Hata hivyo, alipofariki tarehe 29 Agosti 2021 mjini Lucea akiwa na umri wa miaka 85, taarifa nyingi za msiba wake zilitanguliza moshi wa bangi aliokuwa akizipulizia kanda, kuta alizozijaza maandishi, na moto ulioiteketeza studio. Mashine ilitajwa kwa kupita, kama ilitajwa.

Wanaomwita mwendawazimu hawamsingizii. Mwenyewe alisema mara nyingi kwamba studio aliichoma kwa mkono wake. Baadaye, alipohamia Uswisi mwaka 1989, alizoeleka jukwaani akiwa na kofia iliyosheheni vioo na sidii, na waandishi waliomhoji aliwajibu kwa mafumbo. Jina hilo alilivaa kwa hiari, na huenda lilimlinda dhidi ya watu wengi waliokuwa wakimsumbua. Wapo pia wanaosema, kwa nia njema kabisa, kwamba wazimu huo ndio uliokuwa chemchemi ya muziki wake. Hapo ndipo ninapotofautiana nao, na sababu yangu ni zile traki nne.

Katikati ya miaka ya 1970 baadhi ya studio za Kingston zilikuwa na mashine za traki 16, hivyo fundi aliweza kuweka ngoma, besi, kinanda na kila mwimbaji mahali pake, kisha akaamua uwiano wao siku nyingine. Perry hakuwa na nafasi hiyo. Akishazijaza traki zake, ilimbidi azichanganye ziwe moja au mbili ndipo apate pa kuongezea sauti mpya. Zilipojaa tena, alirudia kazi ileile. Sauti zikishachanganywa namna hiyo hazitenganishiki. Gitaa likiifunika ngoma wakati wa kuhamisha, litaifunika hadi santuri ifike dukani. Isitoshe, kila uhamisho hupunguza ukali wa sauti za juu na kuongeza mvumo wa kanda, kama chai inayochujwa mara ya tatu kwa majani yaleyale. Kwa hiyo aliyeketi mbele ya mashine ile alilazimika kuusikia wimbo mzima kichwani kabla haujakuwapo, ajue besi itahitaji uzito kiasi gani ili ibaki na nguvu baada ya kuhamishwa mara mbili, na aache pengo la sauti ambayo bado haijaimbwa. Sisemi kwamba mgonjwa wa akili hawezi kazi. Nasema kazi hii ilitaka mpango, na mpango huo unasikika.

Unasikika wazi katika "Police and Thieves", wimbo ambao Junior Murvin aliurekodi kwake mwaka 1976. Sauti nyembamba ya Murvin inaelea juu ikiwa safi, huku gitaa likisikika kama linapigwa nyuma ya pazia lililolowa, na matoazi yamepoteza makali yakawa kama mvuke unaotoka chini ya kifuniko cha sufuria. Kasoro ya kanda iliyohamishwa, ambayo fundi mwingine angeiomba radhi, ameigeuza kuwa rangi ya wimbo. Na mazoea hayo yalianza kabla hajawa na studio yake. Katika "People Funny Boy" ya mwaka 1968, wimbo wa kumsuta mtayarishaji Joe Gibbs aliyekuwa amefanya naye kazi, aliingiza kilio cha mtoto mchanga na kukitumia kama ala, miaka mingi kabla vipande vya sauti za namna hiyo havijawa jambo la kawaida katika muziki.

Shutuma inayonisumbua zaidi inahusu fedha. Mwaka 1970 na 1971 Bob Marley, Peter Tosh na Bunny Wailer, yaani kundi la Wailers, walirekodi kwake nyimbo ambazo wengi wetu tunazihesabu kuwa bora kuliko zote walizoimba pamoja. Rekodi hizo zilitolewa Uingereza na kampuni ya Trojan, na Wailers walilalamika kwamba hawakuiona mirabaha waliyostahili. Watetezi wa Perry hukumbusha kwamba Jamaika ilitegemea sheria ya hakimiliki ya Uingereza ya mwaka 1911 hadi ilipotunga yake mwaka 1993, na kwamba desturi ya Kingston ilikuwa kumlipa mwimbaji mara moja na kuachana naye. Ni kweli. Lakini Perry huyohuyo aliondoka kwa mtayarishaji Coxsone Dodd, na baadaye kwa Gibbs, akinung'unika kwamba jasho lake halikulipwa. Aliyeonja uchungu huo alikuwa na sababu ya kutowaonjesha wengine.

Kuna hesabu ya upande wa pili, na ni haki iwekwe mezani. Ndugu wawili, Aston Barrett wa besi na Carlton Barrett wa ngoma, walitoka katika bendi ya Perry, Upsetters, wakahamia kwa Wailers na kuwa uti wa mgongo wa muziki wao. Marley alizirudia "Small Axe" na "Duppy Conqueror" mwaka 1973, kisha "Kaya" na "Sun Is Shining" mwaka 1978, baadhi zikiwa nyimbo ambazo umbo lake la kwanza lilifinyangwa kwa Perry. Hayo hayafuti deni la mirabaha. Yanaonyesha tu kwamba mali ilihama pande zote mbili, na kwamba jina la wazimu limeivuruga hesabu nzima, kwa kuwa mwendawazimu hasifiwi kwa ufundi wala hadaiwi. Anayetaka kumrudishia Perry ufundi wake hana budi kumrudishia na madeni yake.

Miaka ya mwisho ya Black Ark ilikuwa migumu. Mwaka 1977 alikamilisha "Heart of the Congos" ya kundi la The Congos, na Island, kampuni iliyokuwa ikisambaza kazi zake kadhaa, ikakataa kuitoa. Mwaka huohuo walifika studioni wanamuziki wawili kutoka Zaire, Seke Molenga na Kalo Kawongo, wakarekodi kwa Kilingala juu ya mapigo ya Kingston. Fundi wa traki nne, mwenye kipato cha kubahatisha, alikuwa akiunganisha pwani mbili za Atlantiki bila mtu wa kumsaidia kuuza. Tuzo ya Grammy ilimfikia mwaka 2003, kwa albamu ya "Jamaican E.T.", wakati Black Ark ilikuwa imeungua miaka 20 nyuma na dunia imekwishazoea kumtazama kofia.

"Heart of the Congos" ilirudishwa sokoni mwaka 1996 na kampuni ya Blood and Fire, na sasa haipatikani kwa shida. Ndani yake mna sauti kama ya ng'ombe anayelia, nayo hutajwa mara kwa mara kama ushahidi wa vituko vya Perry. Tafuta spika zenye besi nzuri uisikilize. Mlio huo uko chini na kwa mbali, umefungwa katika mwangwi, na juu yake waimbaji wanasikika wote, hakuna hata mmoja aliyezibwa.