Miaka 50 ya Madigan: tatizo ni muda au ni kiti?

Michael Madigan aliingia Baraza la Wawakilishi la jimbo la Illinois, Marekani, Januari 1971, akaondoka Februari 2021. Miaka 36 kati ya hiyo alikuwa Spika, na hakuna kiongozi wa bunge la jimbo lolote nchini humo aliyewahi kukalia kiti muda huo. Juni 2025 mahakama ya Chicago ikamhukumu kifungo cha miaka saba na nusu na faini ya dola milioni 2.5 kwa rushwa. Wengi wakarukia jibu moja: wabunge wawekewe ukomo wa miaka ya kukaa bungeni. Hapo ndipo ninaposita.

Wanaomtetea wana hoja. Magavana walikuja na kuondoka, wengine wa chama chake cha Democratic, wengine wa Republican, naye akawa anajua bajeti kuliko wote. Gavana Bruce Rauner, tajiri mgeni wa siasa, alipogoma kukubali bajeti bila masharti yake, jimbo lilikaa miaka miwili bila bajeti kamili. Julai 2017 bunge likatengua kura yake ya turufu na kupandisha kodi ya mapato kutoka asilimia 3.75 hadi 4.95. Wapinzani husema Madigan naye aliuchochea mvutano ule, na hawajakosea kabisa. Isitoshe, deni la pensheni za watumishi wa umma lilivimba yeye akiwa pale pale.

Lakini nguvu yake haikutokana na miaka peke yake. Mswada asioutaka ulifia Kamati ya Kanuni, inayoamua mswada upi uendelee. Tangu 1998 alikuwa pia mwenyekiti wa chama jimboni, yaani fedha za kampeni zilipitia kwake, na mipaka ya majimbo ya uchaguzi ilichorwa na watu wake. Mjumbe mwenye shida yoyote kati ya hizo tatu alibisha hodi mlango uleule. Mwaka 1988 hata saa ilimtii: mswada wa uwanja wa White Sox, timu ya besiboli ya Chicago, ulipitishwa baada ya muda wa mwisho, saa sita ya usiku, lakini kumbukumbu za Baraza zikaandika saa 5:59.

Kampuni ya umeme ya ComEd iliujua mlango huo. Mwaka 2020 ilikubali kulipa dola milioni 200 baada ya kukiri kwamba iliwapa washirika wa Madigan ajira na mikataba ili kumpendeza. Kwa haki yake, jopo la waamuzi lilimkuta na hatia katika mashtaka 10 tu kati ya 23. Saba likamwachia, sita likashindwa kuafikiana.

Je, ukomo ungesaidia? Michigan iliuweka mwaka 1992: miaka sita katika Baraza, minane katika Seneti. Malalamiko yakawa kwamba mbunge anaondoka ndiyo kwanza anaanza kuijua kazi, huku washawishi wa makampuni wakibaki. Mwaka 2022 wapiga kura wakarekebisha, ikawa miaka 12 kwa jumla katika bunge lolote kati ya hayo mawili.

Illinois ilichagua njia nyingine. Baada ya Madigan kung'oka, mwaka 2021 Baraza liliweka ukomo wa miaka 10 kwa Spika, si kwa mjumbe. Naona walilenga karibu zaidi na ugonjwa, ingawa hiyo ni kanuni ya Baraza tu, na wingi wa kura unaweza kuifuta. Kamati ya Kanuni nayo ipo palepale, na wajumbe wake wengi bado wanateuliwa na Spika.