Talaka iliyotolewa upande mmoja ukiwa haupo: nani asikilizwe upya?

Nchini India, ndoa nyingi za Kihindu zinazofikishwa mahakamani huvunjwa chini ya Sheria ya Ndoa ya Kihindu ya mwaka 1955, na mashauri hayo husikilizwa kwa kawaida na mahakama za familia zilizoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1984. Sehemu ya talaka hizo hutolewa baada ya kusikiliza upande mmoja tu, kwa kuwa mwenzi wa pili hakufika. Anapopata habari na kutaka kuipinga hukumu, hukutana na hoja mbili zinazovutana: haki ya mtu kusikilizwa kabla ndoa yake haijavunjwa, na haki ya mwenzake kuendelea na maisha akijua kwamba shauri limekwisha. Msimamo wangu ni kwamba mtu ambaye hakupata taarifa arudishwe mahakamani hata akichelewa, lakini aliyeipata akanyamaza makusudi asiruhusiwe kuitumia rufaa kumfunga mwenzake katika ndoa. Nasema pia kwamba rufaa hizi zingepungua sana kama mahakama ya kwanza ingetimiza wajibu wake.

Wajibu huo umeandikwa wazi katika kifungu cha 23 cha sheria ya 1955. Shauri likiwa limepingwa au halikupingwa, jaji lazima aridhike kwamba sababu ya talaka imethibitishwa, kwamba anayeomba hanufaiki na kosa lake mwenyewe, na kwamba hakuna njama wala ucheleweshaji usio na maelezo. Kwa hiyo kutofika mahakamani si kukiri. Mwaka 2009 Mahakama ya Juu ya India ililikazia jambo linalokaribiana na hilo, iliposema kwamba katika talaka ya maridhiano ridhaa ya mwanandoa haiwezi kudhaniwa ipo kwa sababu tu hakuonekana. Hata hivyo, hatari ya mashauri ya upande mmoja iko palepale: mume anaapa kwamba mkewe alimtendea ukatili, nduguye anaunga mkono, hakuna wa kuwahoji, na maneno ambayo yangetikiswa kwa maswali machache yanageuka kuwa ukweli wa kisheria.

Chanzo cha dhuluma nyingi ni wito, yaani hati ya mahakama inayomwita mdaiwa afike kujibu madai. Mke akigombana na mumewe mara nyingi hurudi kwa wazazi wake, pengine katika wilaya nyingine, ilhali anwani inayoandikwa kwenye madai ni ya nyumba ya ndoa. Utaratibu wa madai unaruhusu, kwa masharti, wito ukabidhiwe kwa mtu mzima wa familia anayeishi na mdaiwa, ubandikwe mlangoni, au utangazwe gazetini. Katika mgogoro wa mkopo njia hizo zinaweza kutosha, lakini katika mgogoro wa ndoa huyo mtu mzima wa familia anaweza kuwa mama mkwe, na mlango unaobandikwa unaweza kuwa ule ambao mke alifukuzwa. Jaji anayepokea taarifa ya karani kwamba wito umefika bila kuuliza mke anaishi wapi sasa anakuwa amejenga hukumu juu ya msingi mbovu.

Aliyehukumiwa hivyo ana njia mbili. Ya kwanza ni kurudi kwenye mahakama ileile kuomba hukumu itenguliwe chini ya Amri ya 9, kanuni ya 13, ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ya 1908, akaonyesha kwamba hakupewa wito ipasavyo au alizuiwa na sababu ya kutosha. Muda wake ni siku 30 tangu hukumu au, kama wito haukufika ipasavyo, tangu alipoifahamu hukumu. Ya pili ni rufaa katika Mahakama Kuu ya jimbo. Msomaji wa Tanzania ataitambua sura ya njia hizi, kwa kuwa sheria yake ya mwenendo wa madai ya 1966 ilirithi mengi kutoka ile ya India. Mwaka 2004 Mahakama ya Juu ya India ilieleza kwamba zote mbili zinaweza kufuatwa, ila rufaa ikishatupwa, maombi ya kutengua hayasikilizwi tena. Na maombi yakikataliwa, rufaa inabaki kwa ajili ya kiini cha shauri, si kwa kueleza upya kwa nini mtu hakufika. Ndiyo maana kukimbilia rufaa pekee kunaweza kuwa kosa: jalada linalopelekwa juu lina ushahidi wa upande mmoja tu, na mrufani hubaki akisema kwamba hata huo haukutosha.

Upande wa pili nao una uzito ambao watetezi wa rufaa hupenda kuupita haraka. Wapo wanandoa wanaokwepa wito, wanaokataa barua za rejista, wanaohudhuria tarehe moja kisha wakapotea, ili mwenzao asiweze kuoa wala kuolewa tena. Sheria inakataa kutengua hukumu kwa kasoro ndogo ya wito ikiwa mdaiwa aliijua tarehe na alikuwa na muda wa kufika. Nakubaliana nayo kabisa, kwani mwanamke aliyetelekezwa miaka mingi naye ni mwathirika, na mume asiyefika mahakamani hastahili kuamua ni lini mkewe ataachwa huru.

Ugumu mkubwa uko kwenye muda. Kifungu cha 28 cha sheria ya ndoa, kiliporekebishwa mwaka 2003, kiliongeza muda wa rufaa kutoka siku 30 hadi 90. Sheria ya mahakama za familia bado inataja 30. Jopo kamili la Mahakama Kuu ya Bombay lilichagua 90, na naona lilifanya sawa, lakini mtu asiye na wakili hapaswi kutegemea tafsiri ya majaji ili ajue siku zake. Bunge lingeoanisha vifungu hivyo. Muda huo ndio unaoamua pia ndoa mpya: chini ya kifungu cha 15, aliyeachwa anaweza kuoa au kuolewa tena muda wa rufaa ukipita bila rufaa. Anayeomba kutengua anapaswa basi kuomba zuio, yaani amri ya kusimamisha hukumu kwa muda, mapema, maana mwenzi mpya na watoto wakishaingia katika habari hii, mahakama haiwezi kumtendea haki mmoja bila kumuumiza mwingine asiye na kosa.

Kwa aliyechelewa kupita kiasi, kifungu cha 25 kinamruhusu kuomba matunzo hata baada ya talaka. Wanawake wengi hupigania kufufua ndoa iliyokwisha kufa kwa kuwa hawakuambiwa hivyo, ilhali sheria ya msaada wa kisheria ya 1987 inawapa haki ya wakili bila malipo. Nakala ya hukumu ya upande mmoja ingepaswa kufikishwa mkononi kwa aliyehukumiwa, ikiwa na maelezo hayo yote katika lugha anayoisoma, na siku za rufaa zihesabiwe tangu hapo.