Wiki sita za kuhama, siku 90 za kusubiri kushtaki

Niseme mapema kabisa, mi sipingi SGR, hii reli mpya ya kisasa. Kipande cha Tabora mpaka Kigoma, kilometa 506, mkataba ulisainiwa Desemba 2022, na huku kwetu kila anayesafirisha dagaa au mawese anajua reli ya uhakika ina maana gani. Reli ije hata kesho. Kinachonikera ni hiki, mtu wa Uvinza au Nguruka au Kazuramimba akiona kapunjwa fidia ya ardhi yake inayochukuliwa kupisha reli anaambiwa nenda mahakamani, halafu njia yenyewe ya kwenda mahakamani imepangwa kiasi kwamba akifika ugomvi umeshaisha bila yeye.

Hebu piga hesabu ya siku tu. Sheria ya Utwaaji Ardhi ni ya 1967 na ndo hiyohiyo tunaitumia mpaka leo, inampa Rais mamlaka ya kutwaa ardhi kwa manufaa ya umma, na notisi inaweza kukupa wiki sita uwe umeondoka, wakisema mradi ni wa haraka hata hizo wiki sita zinaweza kupunguzwa. Sasa wewe unataka kuishtaki serikali, unaambiwa kwanza toa notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu kama mshtakiwa, na kesi ukaifungue Mahakama Kuu, maana Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya haliwezi kusikiliza kesi ya serikali. Wiki sita ni siku 42. Siku 90 zinatimia greda limeshapita, nyumba imeshabomolewa, michikichi imeshang'olewa, na ushahidi wako wote ulikuwa ni hiyo nyumba na hiyo michikichi.

Mawakili wana njia wanaiita Mareva, ni maombi ya zuio unayapeleka Mahakama Kuu wakati zile siku 90 hazijaisha, na mahakama zetu zimekuwa zikiyapokea. Njia nzuri sana. Lakini niambie ni mkulima gani wa kijijini amewahi kuisikia, na akiisikia hela ya wakili inatoka wapi wakati shamba ndo lilikuwa benki yake? Angalau siku hizi Mahakama Kuu ipo hapa Kigoma, zamani tulikuwa tunafuata Tabora.

Na hapo kwenye michikichi ndo watu wengi wanaumia. Mchikichi unaupanda unausubiri miaka mitatu minne ndo uanze kuzaa, ukishaanza unakulisha miaka ishirini na zaidi, kuna familia huku ada za watoto zote zimetoka kwenye mise, yaani mbegu za huo mchikichi. Akija mthamini anahesabu mashina, anaandika, anakwambia saini hapa mzee, na mzee anasaini bila kusomewa na bila kubaki na nakala. Kumbe kanuni za fidia za 2001 zinataka bei ya soko, pamoja na posho ya usumbufu, posho ya usafiri, kodi ya nyumba ya miezi 36 na faida unayoipoteza. Na Sheria ya Uthamini ya 2016 inataka ulipwe ndani ya miezi sita, wakichelewa wanakuongezea riba, na tathmini ikipita miaka miwili hujalipwa inakufa, lazima waje kuthamini upya. Hayo yanatakiwa yasemwe kwenye mkutano wa kijiji, kwa sauti, kabla ya mtu yeyote kushika kalamu.

Kuna watu bado wanatishwa eti huna hati kwa hiyo huna haki. Sio kweli! Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, kwenye kesi ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwanae Joseph, ilisema haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, huwezi kuichukua bila fidia ya haki. Walikuwa wakulima wa kijijini kama sisi, serikali ndo iliyokata rufaa, na kwenye hilo la ardhi wakashinda.

Kwa hiyo mi naona wabunge wetu wa Kigoma na Tabora wana kazi hapa. Notisi ya siku 90 iondolewe kwa mtu anayedai fidia ya ardhi inayotwaliwa. Ugomvi wa kiasi cha pesa uanzie kwenye baraza la wilaya, pale mtu anafika kwa bodaboda. Na greda lisiingie shambani mpaka hela iwe imeingia kwenye akaunti. Wakati hayo hayajabadilika, ndugu zangu, mkisikia wathamini wanakuja pigeni picha kila mti na kila chumba, mwenyekiti wa kijiji awepo mkihesabu, dai nakala ya fomu siku hiyohiyo, na kama kiasi hukikubali andika hukikubali na tarehe, halafu mtafute wakili wiki hiyohiyo.