Madam C.J. Walker: alitibu vichwa au aliuza aibu ya nywele?

Jina la Madam C.J. Walker likitajwa tu watu wanagawanyika. Kuna wanaosema huyu mama ni shujaa, mwanamke mweusi aliyetoka kwenye umaskini wa kutupwa akajijengea utajiri kwa kuuza mafuta ya nywele, na kuna wanaosema hapana, huyu ndo kafanya wanawake weusi wazionee aibu nywele zao za kipilipili wakaanza kuhangaika kuzinyoosha. Mimi naona wa pili wana hoja ya kweli kabisa, ila wanaanzia stori katikati, wanaanzia kwenye chanuo la moto wakati mwenyewe alianzia kwenye kichwa kilichokuwa kinanyonyoka.

Alizaliwa Sarah Breedlove, tarehe 23 Desemba 1867, Delta, Louisiana, Marekani, kwenye shamba la pamba ambako wazazi wake walikuwa watumwa, yeye ndo wa kwanza kwao kuzaliwa huru. Miaka 7 ni yatima, 14 kaolewa, 20 mjane na ana mtoto wa kike wa kulea. Akaenda St. Louis waliko kaka zake vinyozi, akafua nguo za watu miaka na miaka kwa malipo ya kama dola moja na nusu kwa siku, na hapo hapo nywele zikaanza kumtoka. Haikuwa yeye peke yake. Nyumba nyingi za maskini wakati ule hazikuwa na bomba ndani, kuosha nywele maana yake uchote maji, uyachemshe, utafute na muda, kwa hiyo watu walikuwa wanakaa wiki nyingi bila kuosha, mba zinajaa, vidonda vinatoka, nywele zinakatika.

Sasa angalia alichouza. Mafuta ya mgando, nta, salfa, mafuta ya nazi na manukato kidogo ya kufunika ile harufu ya salfa. Hamna uchawi wowote, ni dawa ya ngozi ya kichwa, na maelekezo yake yalianza na kuosha kichwa mara kwa mara ndo upake. Bidhaa yake kubwa aliiita Wonderful Hair Grower, yaani ya kukuza nywele, na alichukia sana kuitwa mnyoosha nywele. Hilo chanuo la moto pia sio uvumbuzi wake japo watu wanarudia hivyo kila siku, Ufaransa lilikuwepo tangu karne ya 19.

Lakini hapa siwezi kumtetea mpaka mwisho, kwa sababu chanuo lilikuwemo kwenye utaratibu aliowafundisha mawakala wake, na mteja anayetoka saluni na nywele zimelala hasemi nimetibiwa mba, anasema nimependeza. Mimi nimechomwa nywele nikiwa mdogo, nakaa kwenye kigoda karibu na jiko la mkaa, mama mdogo anapasha chanuo la chuma, analijaribu kwanza kwenye kipande cha gazeti, likiunguza gazeti anapuliza, halafu ananiambia shika sikio lako ulikunje. Ule moshi wa mafuta yanayoungua siusahau. Na hakuna aliyeniambia nywele zangu mbaya, ila nilijua tu, maana zilichomwa kila ikikaribia sikukuu. Aibu ya namna hiyo haihitaji tangazo, na wanaomlaumu Walker wanaongelea hicho kitu.

Upande wa mashujaa nao kuna wanachokiruka, na jina lake ni Annie Turnbo Malone. Huyu alikuwa ameshaanza biashara ya dawa za nywele kabla, bidhaa zake zikaitwa Poro, na Sarah alikuwa wakala wake kabla hajahamia Denver mwaka 1905 na kuanza ya kwake. Mwaka 1906 akaolewa na Charles Joseph Walker ndo jina likatoka hapo. Ule mtindo wa kuuza nyumba kwa nyumba kupitia wanawake waliofundishwa, Malone alikuwa nao tayari. Malone alikuwa tajiri pia, mwaka 1918 akafungua Poro College kubwa kabisa St. Louis, lakini leo uliza watu kumi wangapi wanamjua. Hili linaniuma kweli.

Kinachonifanya niegemee kwa Walker hata hivyo ni ajira. Mwanamke mweusi wakati ule kazi zake zilikuwa shambani, kufua au jikoni kwa mzungu, na Walker akafundisha maelfu kuwa na kipato chao wenyewe. Mwaka 1912 Chicago, kwenye mkutano wa wafanyabiashara weusi, Booker T. Washington, kiongozi maarufu wa watu weusi Marekani wakati ule, hakutaka kumpa nafasi ya kuongea, Walker akasimama mwenyewe akasema ametoka mashamba ya pamba, akaenda kwenye beseni la kufulia, akaenda jikoni, na kutoka hapo kajipandisha cheo mwenyewe. Mwaka uliofuata alialikwa kama mzungumzaji. Na mwaka 1917 alipowakusanya mawakala wake Philadelphia, zaidi ya 200, hawakuongelea mauzo tu, walimtumia Rais Wilson telegramu kudai hatua dhidi ya mauaji ya watu weusi yaliyokuwa yanafanywa na makundi ya wazungu. Wafua nguo wa jana hao, wanamwandikia rais.

Alifariki 25 Mei 1919 akiwa na miaka 51, mali yake ikakadiriwa dola laki 6 hivi, kwa hiyo hata hilo la watu kumwita milionea ukihesabu alichoacha lina utata. Miaka ya 1920 kampuni yake ikaanza kuuza mafuta ya kung'arisha ngozi, yale yale tunayoyaita ya kujichubua. Yeye akiwa hai hakuyauza, na wanaomtupia na hilo wanamwonea, lakini chupa zilikuwa na jina lake.