Fii ya Septemba, pesa za kaskazi

Juzi baada ya isha tulikaa barazani kwa dada yangu hapa Langoni, watu kama wanane hivi, ajenda moja tu: binti yake, mpwa wangu. KCSE, mtihani wa kumaliza sekondari, alipata B-, KUCCPS, wale wanaogawa nafasi za vyuo, ikamtupa chuo cha serikali huko bara kwa kozi ambayo yeye mwenyewe anasema hata jina lake hawezi kulitamka vizuri, basi akajitafutia barua ya chuo cha praivet Nairobi, BCom, kuripoti Septemba. Barua imekuja na karatasi ya fii, elfu 78 kwa semista. Dada akashusha pumzi, "kumbe si mbaya", manake yeye alikuwa ameshajiandaa kusikia laki na nusu. Watu wakaanza kutaja nani atatoa ngapi, mambo yakawa yaenda mbio kweli, mpaka nyanya yake huko pembeni kwenye mkeka akauliza, "na atalala wapi?"

Kimya.

Ndo nikaomba daftari. Nimesaidia familia kadhaa kupiga hesabu hizi na kosa huwa lilelile, watu wanaisoma ile karatasi ya chuo kana kwamba ndo gharama yote, kumbe ile ni pesa ya chuo tu. Bedsita ya elfu 7 huko pembezoni mwa Nairobi, na hapo hujachagua sana. Chakula weka elfu 6 kama anapika mwenyewe. Nauli ya matatu, bando, tokeni za stima na vidubwasha vingine weka elfu 3. Hiyo ni elfu 16 kwa mwezi na bado sijataja sweta, na mtoto wa Lamu Julai ya Nairobi haijui. Godoro, meko ya gesi, sufuria, depositi ya nyumba na laptopu vinalipwa mara moja lakini vyote vinakuja wiki moja. Halafu kuna fii ndogondogo, usajili, kitambulisho, maktaba, mtihani, ambazo kwenye karatasi huwa ziko chini kabisa kwa maandishi ya kusomea miwani.

Sasa hapa ndo palikuwa na ubishi wenyewe. Hicho chuo kina njia mbili, unaweza kwenda semista mbili kwa mwaka ukamaliza miaka minne, ama ukaenda trimesta, semista tatu kwa mwaka mfululizo, ukamaliza semista zako nane kwa miezi 32. Fii ni ileile, mara nane elfu 78 ni 624,000. Kinachobadilika ni kuishi. Kwa trimesta anakaa Nairobi miezi 32, elfu 16 kwa kila mwezi inakuwa 512,000, jumla 1,136,000. Kwa semista mbili, nikichukulia anarudi nyumbani likizo na kuachia chumba (hii si rahisi, lendilodi wengi wanataka kodi uwepo usiwepo), anakaa miezi 9 kwa mwaka, miaka minne ni miezi 36, 576,000, jumla 1,200,000. Yaani trimesta inaokoa elfu 64, na mtoto anaingia kutafuta kazi mwaka mzima na zaidi kabla ya wenzake. Kaka mkubwa akapiga paja, "basi trimesta, imekwisha hiyo!"

Haijakwisha. Geuza ukurasa uangalie kwa mwaka badala ya kwa jumla. Trimesta inataka 426,000 kila mwaka, semista mbili inataka 300,000. Ile ya bei rahisi ndo inayokukaba zaidi. Na shemeji yangu, baba yake mtoto, halipwi mshahara wa mwisho wa mwezi, ana mashua, kaskazi anavua na kuwazungusha wageni mpaka magofu ya Takwa, Disemba mpaka Machi hapo mkono uko sawa, kusi likikaza bahari inachafuka, hoteli kule Shela nyingine zinafunga kabisa, Mei na Juni anakaa anashona nyavu. Trimesta ina malipo Januari, Mei na Septemba. Januari analipa akicheka. Septemba ndo kwanza kusi linalegea na deni la dukani bado lipo. Mei... sikwambii.

Ndo maana mimi nikiulizwa kama praivet inalipika ama hailipiki huwa siulizi una shilingi ngapi, nauliza pesa yako huingia mwezi gani. Mwalimu wa TSC, yaani aliyeajiriwa na serikali, mwenye mshahara mdogo kuliko anachopata shemeji kwa mwaka anaweza kuimudu trimesta vizuri kuliko yeye, kwa sababu ya payslip tu, na kwa payslip hiyohiyo sako inampa mkopo.

Wanaoipinga praivet hapo barazani walikuwa na hoja nzito, siwezi kuwadharau. Pwani University, chuo cha umma, iko hapo Kilifi, basi moja tu kutoka Mokowe, chakula cha kwao anakijua, hata ugonjwa ukimpata mjomba yuko Malindi. Na tangu ule mfumo mpya wa ufadhili uliotangazwa 2023, skolashipi ya serikali ni ya waliopelekwa vyuo vya umma, wa praivet anaachiwa aombe mkopo tu wa HELB, bodi ya serikali ya mikopo ya wanafunzi. Kwa hiyo ukihamia praivet unaacha pesa mezani, hiyo ni kweli tupu. Ingawa na wenyewe wa chuo cha umma sasa si bure kama zamani, mzazi amewekewa fungu lake kulingana na bendi aliyopangiwa, na nimeona watu hapa mjini wamepangiwa bendi ya matajiri wakabaki wanajiangalia.

Wanaoitetea wana jibu moja ambalo ni gumu kulipangua: mgomo. 2017 wahadhiri wa vyuo vya umma waligoma siku 54, na 2025 wakagoma tena siku 49, tarehe 17 Septemba mpaka 5 Novemba. Watu huona mgomo kama likizo lakini kodi ya nyumba haigomi, siku 49 kwa hesabu yetu ya elfu 16 ni kama elfu 26 imeliwa bila kuingia darasani. Lakini hata hapo tusitie chumvi, elfu 26 haifiki hata nusu ya semista moja ya praivet. Mgomo unauma zaidi kwa muda kuliko kwa pesa, na kwa binti ambaye watu wameshaanza kuja kuuliza habari zake, dada yangu muda anaupigia hesabu yake mwenyewe, hiyo nawaachia.

Kuhusu HELB. Riba ni asilimia 4 kwa mwaka, ndogo kuliko benki yoyote, na kulipa unaanza mwaka mmoja baada ya kumaliza. Kwa wengi huo ni mkopo mzuri mno. Lakini shemeji alisema riba ni riba hata ingekuwa nusu shilingi, na mtu akishasema hivyo barazani Lamu mjadala umefungwa, usimletee kalkuleta. Mimi nilichosema ni kwamba basi tuifute ile laini kabisa, tusiiache kwenye daftari kama "tutaona".

Basari ndo usiseme. Kila familia inaandika basari kama mapato. Nikaikata kwa peni nyekundu. Hundi inaenda moja kwa moja chuoni, inakuja imechelewa, na mara nyingi ni kiasi kile cha kugawana ili kila mtu apate kidogo na picha ipigwe. Na hiyo ya NG-CDF, ule mfuko wa serikali wa maeneo bunge, Septemba 2024 Mahakama Kuu ilishaamua sheria yake inakwenda kinyume na katiba, sasa utapangaje miaka minne juu ya kitu kama hicho? Ikija, alhamdulillahi, itanunua laptopu.

Halafu kaka mkubwa akaleta ile fikra ya kuuza. Mashua ya pili ya shemeji, mnunuzi yuko, pesa taslimu, mwaka wa kwanza unalipika wote. Hapa nilipandisha sauti kidogo nikamkosea adabu, nimeshamuomba radhi. Lakini mashua ndo inayolipa mwaka wa pili, wa tatu na wa nne! Dhahabu ya dada imekaa kwenye kasha haizai, ile ukiuza unakosa dhahabu, basi. Ukiuza mashua umelipa Januari ukaiua Januari inayofuata. Dada alinitazama kwa jicho baya ila hakukataa.

Tulipofikia mpaka sasa ni hivi. Ataomba kuahirisha, aingie Januari badala ya Septemba, semista mbili kwa mwaka, akipata nguvu atachukua trimesta mwaka wa mwisho. Mimi nitapiga simu chuoni kuuliza mambo mawili ambayo karatasi haisemi, kama fii wanaipandisha kwa waliokwisha kuingia ama ni kwa wageni tu, na kama wanakubali kulipwa kwa mafungu kabla ya kadi ya mtihani. CPA, mitihani ya uhasibu ya bodi ya KASNEB, ambazo mtu wa BCom anayetaka uhasibu atazihitaji na zina malipo yake kando, tumeziacha kwa ukurasa mwingine. Nyanya ameahidi godoro, anataka alishone mwenyewe la pamba, na hakuna aliyethubutu kumwambia basi la Nairobi litalitoza kama abiria. Ile semista ya pili inayoanguka Mei bado haina jina la mtu mbele yake kwenye daftari.