Mpira wa shilingi 15,000

Asubuhi moja mwaka juzi, nikipanda kilima cha Namirembe hapa Kampala, taa ya injini iliwaka kwenye Toyota Wish yangu ikakataa kuzimika. Gari likawa linatetemeka kwenye foleni kama mtu mwenye homa, na petroli linakunywa kuliko kawaida. Nikalipeleka gereji. Sitaitaja, maana kosa lake ni kosa la gereji nyingi.

Fundi alisikiliza injini, akatikisa kichwa, akasema ni plagi. Tukabadilisha plagi. Siku tatu baadaye ikawa koili, zote nne, 320,000, ati moja ikifa zingine zinafuata. Halafu sensa ya oksijeni, 150,000. Halafu pampu ya petroli, 180,000. Kila mara kijana anatumwa mbio na boda soko la vipuri la Kisekka, anarudi na kiboksi, taa inafutwa, mimi naenda zangu nimefurahi. Siku mbili tatu, taa hiyo.

Wiki ya tatu rafiki alinielekeza kwa kijana mmoja Ndeeba. Hakushika spana. Alichomeka kidude kidogo chini ya usukani, akafungua simu yake, akasoma namba ya kosa: P0171. "Hewa nyingi, petroli kidogo," akasema. "Sasa tutafute hewa inapenyea wapi." Akachukua kopo la dawa ya kusafishia kabureta, akawa anapuliza kidogo kidogo kwenye mipira ya hewa injini ikiunguruma. Alipofika kwenye ule mpira mnene unaotoka kwenye boksi la filta kuingia kwenye injini, mngurumo ukabadilika. Akaukunja kwa vidole viwili akanionyesha upande wa chini: ufa wa urefu wa ukucha, unaopanuka injini ikijitikisa na kufumba ikizimwa. Hewa iliyokuwa ikiingilia pale haikuwa imepita kwenye sensa inayoipima, kwa hiyo kompyuta ya gari haikuwa na habari nayo.

Mpira wa mtumba ulipatikana kwa 15,000. Nikamuuliza, kupima ni bei gani? Akacheka. "Kupima ni bure, mzee. Wewe nipe ya kufunga tu."

Jibu hilo limenikaa kichwani kuliko zile 650,000 nilizopoteza, bila kuhesabu plagi. Mtu aliyetumia akili alijiona hana haki ya kudai chochote mpaka ashike bisibisi.

Hesabu ya gereji zetu, kila mtu anaijua ila haisemwi mbele ya mteja. Fundi akikwambia koili ni 80,000, ndani yake mna fungu lake, na muuza duka anajua, na kijana wa boda anajua. Sisemi huo ni wizi. Ndio mshahara wake. Mteja wa Kampala atabishana na fundi saa nzima kuhusu ufundi wa 20,000, ampunguze mpaka 15,000, halafu alipe spea ya laki tatu bila kuguna kwa sababu spea anaiona kwa macho. Kwa hiyo fundi akahamishia riziki yake huko tunakolipa bila kelele. Fundi wa kwanza angeuona ule mpira siku ya kwanza angeondoka na nauli. Kwa kutouona alikula mara nne. Mfumo huo tumeulea wenyewe, sisi wenye magari.

Zamani kubahatisha kulikuwa na nafuu yake. Corona ya kabureta ina vitu vichache vya kuharibika; ukibadilisha vitatu, cha nne ndicho chenyewe. Magari yanayoshuka Mombasa siku hizi na kuvuka Malaba si hayo tena. Tangu marekebisho ya sheria ya 2018 Uganda hairuhusu kuingiza gari lenye miaka 15 na zaidi tangu litengenezwe. Kenya wao ukomo wao ni miaka 8. Maana yake sisi bado tunanunua gari ambalo Mkenya haruhusiwi kuliingiza, lakini hata gari hilo "zee" la leo ni la miaka ya 2010 na kitu: lina giaboksi ya CVT, lina sensa kila kona, na wakati mwingine ni haibridi, la petroli na umeme pamoja. Sheria iliyolenga hewa safi imetuletea kompyuta chini ya mwembe, na hakuna aliyempeleka darasani fundi wa chini ya mwembe.

Chukua Toyota Aqua, haibridi ambayo siku hizi ukisimama kwenye taa za Jinja Road huikosi. Ilianza kuuzwa Japani mwishoni mwa 2011. Betri yake kubwa iko chini ya kiti cha nyuma, vipande 20 vimepangwa kama mikate, kila kimoja volti 7.2, jumla volti 144. Pembeni mwa kiti kuna tundu la kuvutia hewa, na ndani yake feni ndogo inayoipoza betri. Sasa lete Aqua hiyo kwenye vumbi la murramu la Wakiso, mwekee mama mfuko wa matooke mbele ya lile tundu, subiri mwaka. Feni inajaa vumbi kama blanketi, betri inachemka, taa nyekundu inawaka, na mwenye gari anaambiwa betri imekufa, alete mamilioni. Wakati mwingine kweli imekufa. Lakini nimeona feni ikifunguliwa, ikasuguliwa kwa mswaki wa zamani, na gari likaendelea na maisha yake. Kazi ya nusu saa, na ndani yake hakuna kamisheni.

Upande wa pili wa ujinga huo unaua. Zile nyaya za rangi ya chungwa, zinazobeba umeme mkubwa wa betri hiyo, si mapambo. Kuna plagi ya usalama inayotakiwa kuchomolewa kwanza, na hata ukiichomoa unasubiri dakika kadhaa umeme uliobaki utulie. Nimemwona kijana mwenye pete ya chuma kidoleni akichokonoa pale kwa spana ambayo haina hata mpira wa kukinga. Nikaondoka, sikutaka kuwa shahidi.

CVT nayo ina kaburi lake. Fundi aliyezoea giaboksi za zamani atamimina oili ya kawaida ya otomatiki kwa sababu "oili ni oili". CVT inategemea msuguano wa mkanda wa chuma kati ya puli mbili, na oili yake imetengenezwa kwa kazi hiyo hiyo. Ukikosea, gari litavuma, litateleza, kisha utasikia wakisema CVT ni mbovu, Wajapani wametuuzia takataka.

Kisekka penyewe, pale Nakivubo, lugha ya dukani imebaki ile ile. "Boss, unataka orijino, Taiwan au China?" Orijino siku hizi ni neno la adabu tu, kama "karibu". Mimi msimamo wangu ni huu, na najua watakaonipinga: kipuri cha mtumba kilichong'olewa kwenye gari Japani nakiamini kuliko kipya cha boksi linalong'aa ambacho hakina historia. Kioo, mlango, sensa, altaneta, mkono wa chini wa tairi, nipe mtumba. Lakini pedi za breki, mikanda na beringi za mtumba ni kununua uchovu wa mtu mwingine. Na kopo la oili likishaisha, litoboe kwa msumari mwenyewe kabla hujaondoka gereji. Atakayekuuliza kwa nini, ndiye mwenye mpango wa kulijaza tena.

Kuna na habari ya masega, lile chujio la moshi kwenye bomba la ekzosi. Ndani yake mna platinamu, paladiamu na rodiamu kidogo, na kidogo hicho kina wateja. Gari linaingia gereji kwa ajili ya bushi, linatoka na bushi mpya na bomba tupu, na mwenyewe anafikiri limekuwa na nguvu zaidi. Miezi inapita, kifaa kinasoma P0420, yaani masega hayafanyi kazi, anaambiwa sensa. Anauziwa sensa ya kupima kitu ambacho kilishaondoka.

Mashimo ya barabara sitayazungumzia sana. Mwaka 2023 mchoraji katuni Jimmy Spire Ssentongo na wananchi mitandaoni walishayafanyia maonyesho yake. Niseme tu kwamba hakuna dalali wa shokapu na boljointi aliyewahi kuwa hodari kama mashimo hayo.

Kinachobadilisha mchezo kweli ni simu. Siku hizi unaipiga picha ile bati ndogo yenye namba ya chesesi, unaituma WhatsApp, na muuzaji anakurudishia namba kamili ya kipuri kutoka kwenye katalogi za mtandaoni. Filta ya oili ya Toyota ndogo nyingi ni 90915-YZZE1, habari imekwisha, hakuna "hii inaingia tu, boss". Unalipa kwa simu, boda anakuletea. Fundi anabaki ameduwaa, fungu lake limeyeyuka kati ya simu mbili. Ndipo unapoambiwa kwa uso mkavu: "Spea ya mteja mimi siigarantii." Namwelewa kabisa. Umemnyang'anya mshahara bila kumpa mwingine, halafu unataka atabasamu.

Wauzaji nao wana kidonda chao. Aprili 2024 wafanyabiashara wa Kampala walifunga maduka wakipinga EFRIS, mfumo wa risiti za kielektroniki wa mamlaka ya mapato. Wana hoja zao na VAT ya asilimia 18 si mchezo kwa mwenye meza moja. Ila mimi mnunuzi nina hoja yangu: bila risiti, ile karatasi ya ukutani inayosema "kilichouzwa hakirudi" ndiyo sheria ya nchi. Nilirudisha sensa mbovu siku ya pili yake, nikaulizwa, "Uliinunua kwa nani?" Na niliyeinunua kwake ndiye aliyekuwa ananiuliza.

Kwenye boda mambo yamekwenda mbele zaidi. Pikipiki za umeme za Zembo, Gogo na Spiro hazina kabureta, hazina plagi, hazina oili ya injini, na betri ikiisha dereva anabadilishiwa nyingine kituoni. Dereva anafurahi, naye ana haki. Lakini ukikaa kwenye stegi ukahesabu nani anakula kutokana na Boxer moja, pikipiki ya petroli, kuanzia muuza oili mpaka yule mzee wa kusafisha kabureta, utaona kwamba kwenye hizi za umeme kilichobaki kwao ni tairi, breki na beringi. Betri ni ya kampuni, programu ni ya kampuni, na pikipiki ikigoma inarudi kampuni. Kule Massachusetts, Marekani, wapiga kura waliamua mwaka 2012 kwamba watengenezaji magari wawape mafundi huru habari za ukarabati wanazozipa gereji zao wenyewe. Sisi tangu Kiira EV ya Makerere, mwaka 2011, tunashangilia kwamba Mganda ameunda gari. Swali la nani ataruhusiwa kulifungua likiharibika hatujaligusa.

Mafunzo yapo, si kwamba hayapo. Chuo cha Nakawa kimefundisha ufundi kwa msaada wa Wajapani miaka mingi, na kuna cheti cha serikali hata kwa fundi aliyejifunzia kazini, asiyewahi kukaa darasani. Shida ni kwamba cheti hicho hakimwongezei bei. Atakwenda kusoma umeme wa haibridi ili aje kupima bure?

Nimekulia Malaba. Baba alikuwa utingo wa malori, baadaye dereva, Mombasa kwenda Kampala, zaidi ya kilomita 1,100. Pale mpakani kulikuwa na mafundi ambao hawakuuza hata nati. Lori likilala na mzigo wa watu, mwenyewe anampigia mmoja wao, anakuja na tochi na bisibisi ndefu, anaiweka kwenye injini, ncha nyingine sikioni, anasema: pampu, au beringi ya tatu, au hamna kitu, ni dizeli chafu. Analipwa, anaondoka. Kufungua ni kazi ya wengine. Baba aliita malipo hayo "pesa ya macho". Hakuna aliyewabishia mafundi hao, kwa sababu siku moja ya lori kusimama ilikuwa ghali kuliko macho ya fundi.

Mwezi uliopita Wish ilianza kugonga upande wa kushoto. Nikarudi kwa yule fundi wangu wa kwanza, wa koili na pampu. Tunafahamiana miaka mingi, na mtoto wake anasoma na wangu. Nikamwambia leo sinunui spea. Nataka aniambie ugonjwa tu, na nitamlipia huo ugonjwa.

Akafikiri namtania. Kisha akafuta mikono, polepole, kidole kwa kidole.

"Elfu arobaini," akasema.

"Sawa."

"Na nisipoona kitu?"

"Elfu arobaini."

Akaingia chini ya gari bila hata kutandika boksi, akakaa huko dakika ishirini na tochi ya simu. Alipotoka alikuwa ameshika nati moja iliyolegea ya fimbo ya stabilaiza. Akaikaza mwenyewe, akakataa kulipwa ya kufunga.