Usiilaumu emuleta ikikudai BIOS

Juzi binamu yangu kaniletea laptopu yake. Gemu ya PlayStation ya kwanza anayo, emuleta (programu ya kompyuta inayoigiza mashine hiyo) anayo, lakini kila akiifungua anaambulia kioo cheusi. Faili la BIOS lilikuwepo, ila kaliandika kwa herufi kubwa, SCPH5501.BIN, na kwa mfumo wa Linux hilo na scph5501.bin ni vitu viwili tofauti. Nikabadilisha jina, ule mlio mzito wa kuwaka ukajaa sebuleni.

"Sasa kaka, si waliotengeneza emuleta wangelitia humo humo tu tukapumzika?" akauliza.

Hapana, na ni heri hawakulitia. BIOS ya PlayStation ni programu ya KB 512 iliyokaa kwenye chipu ndani ya mashine. Ndiyo huamka kwanza, ikakagua diski, ikaonyesha nembo na kusimamia kadi za kumbukumbu. Gemu ikishaanza bado huiita kwa kazi ndogondogo. Mashine ilitoka 1994, lakini programu hiyo ni mali ya Sony mpaka leo.

Mwaka 1999 kampuni ya Connectix ya Marekani ilitoa Virtual Game Station, iliyochezesha gemu za PlayStation kwenye Macintosh. Sony ikaishtaki. Mwaka 2000 mahakama ya rufaa ikaamua kwamba wahandisi waliinakili BIOS kwa ajili ya kuichunguza, na bidhaa waliyoiuza haikuwa na msimbo wa Sony ndani yake. Kwa hiyo hawakukosea. (Mwaka uliofuata Sony iliinunua programu hiyo na kuizima. Pesa nayo ina njia zake.) Ukilipachika faili la Sony kwenye emuleta yako, ngao hiyo umeitupa mwenyewe.

Zipo BIOS zilizoandikwa upya, kama OpenBIOS, na kwa gemu nyingi zinatosha. Nyingine hugoma, na hapo ndipo unapolihitaji faili halisi, lililotolewa kwenye mashine yako.

Binamu akakumbuka ya kwao ipo juu ya kabati kwa shangazi, lenzi imekufa. Nikamwambia lenzi si hoja, chipu ya BIOS ni kitu kingine kabisa. Tukaenda, tukaigeuza, tukafuta vumbi kwenye kibandiko cha modeli: SCPH-7502, ya Ulaya. Lile faili lake la 5501 ni la mashine ya Marekani.

"Ulilitoa wapi?" nikamuuliza. Akacheka tu.